JAPANI, SEHEMU YA 3: KITOVU NDANI YA KISANDUKU

Wengi mmeniuliza: Wajapani na mashine zote zile, mila za uzazi si walishazitupa?

Twende polepole. Mwaka 1950, watoto kama 95 katika kila 100 kule Japani walizaliwa nyumbani, mkunga kaitwa usiku, maji yanachemka jikoni. Kufika 1960 nusu walizaliwa hospitali na kliniki. 1970, kuzalia nyumbani kulikuwa nadra. Miaka 20 tu! Dada mkubwa kazaliwa chumbani kwa bibi, kitinda mimba kazaliwa wodini chini ya taa kubwa. Vifo vya watoto chini ya mwaka mmoja vikashuka kutoka 60 katika kila 1,000 hadi 13. Sifa zote msitupe sisi wa hospitali lakini. Lishe, chanjo na maji safi vilichangia, na wakunga wale walikuwa wakisajiliwa kisheria tangu 1899.

Sasa kitovu. Kwa mila yao kikidondoka hakitupwi. Kinakaushwa, kinawekwa kwenye kisanduku kidogo cha mbao ya kiri, mti mwepesi usiopitisha unyevu kirahisi. Mama anakitunza miaka yote. Wengine humkabidhi mtoto siku anapooa au kuolewa. Uzazi ulipohamia hospitali ungedhani kitaishia kwenye ndoo ya taka. Wapi! Hospitali nyingi ndizo zinazompa mama kisanduku akiruhusiwa. Wodi ina mashine ya mapigo ya moyo wa mtoto, na kabatini vimepangwa visanduku vya mila ya bibi.

Hapo nilijiona mimi. Ni akina mama wangapi wameniuliza kwa aibu, "Sista, mama mkwe anataka kitovu kizikwe kwao, ni vibaya?" Na mimi mbiombio: "Achana na mambo ya zamani." Sikuwa na sababu hata moja ya kitabibu.

Siku hizi nasema: kizikeni. Ninachokataa ni majivu, mafuta au kinyesi cha ng'ombe kabla hakijadondoka. Kiache kikavu, usipake kitu ila dawa uliyopewa kliniki, usikivute. Kikinuka, kikitoa usaha, au ngozi ikiwa nyekundu, njoo siku hiyo hiyo, hata usiku.

Sehemu ya 4: kijitabu cha mama na mtoto cha 1948.