Nyota ya Kinywa cha Samaki: Historia ya Kuziona Sayari za Mbali

Jioni za Oktoba na Novemba, kusi ikiwa imelegea na kaskazi haijashika, anga ya kusini ya pwani huwa na nyota moja nyeupe iliyojitenga. Haina karibu nayo mwenziwe wa kulingana naye. Waarabu wa kale waliiita Fam al-Hut, yaani kinywa cha samaki, na jina hilo lilipovuka hadi Ulaya likageuka kuwa Fomalhaut. Kwa karne nyingi haikuwa na habari nyingine ila uzuri wake na upweke wake. Kisha, tarehe 13 Novemba 2008, ulimwengu ukaarifiwa kwamba nyota hiyo haikuwa peke yake: inazungukwa na sayari, na sayari hiyo imepigwa picha. Miaka 12 haikutimia ila ikadhihirika kwamba kilichopigwa picha hakikuwa sayari, bali wingu la vumbi.

Kisa hicho si cha kumwaibisha mtu. Ni mlango wa kuingilia katika historia pana zaidi, historia ya binadamu kutaka kuziona kwa macho sayari za majua mengine, na ya masharti magumu ambayo elimu ya falaki imejiwekea kabla ya kukubali kuwa kilichoonekana ndicho. Watu wa visiwani hawatakuwa wageni katika historia hii. Kila Ramadhani inapokaribia na kila inapokwisha, anayeleta habari za mwandamo wa mwezi huulizwa aliuona wapi, saa ngapi, na nani mwingine alikuwa naye. Kati ya kuona na kushuhudia kuna safari.

Yafaa kwanza kuufahamu ugumu wenyewe. Nyota hung'aa kwa moto wake, na sayari aghalabu huonekana kwa nuru ya kuazima. Lau mtu angelitazama jua letu kutoka nyota nyingine, jua lingemshinda Mshtarii, sayari kubwa kuliko zote zinazolizunguka, kwa mng'ao wa takribani mara bilioni moja, na kwa umbali ule viwili hivyo vingeonekana kama vimegusana. Ni mfano wa mtu aliyesimama ufukweni usiku, akitafuta kimulimuli kilichotua kando ya karabai ya wavuvi wa dagaa walio mbali baharini. Kimulimuli kipo, lakini karabai humpofusha mtazamaji.

Ndiyo maana sayari za mwanzo hazikuonwa. Zilitambuliwa kwa athari zake. Dalili ya mvua ni mawingu. Mwaka 1995 Michel Mayor na Didier Queloz wa Geneva, wakitumia darubini ya Haute-Provence nchini Ufaransa, waligundua kwamba nyota 51 Pegasi huyumba mbele na nyuma katika muda wa siku nne hivi, na kutokana na kuyumba huko wakajua kuwa ipo sayari inayoivuta. Ugunduzi huo uliwapatia Tuzo ya Nobel mwaka 2019. Hata hivyo, sayari yenyewe hawakuiona. Hivi leo sayari zilizothibitishwa nje ya mfumo wa jua letu zimepita 6,000, ilhali zilizopigwa picha hazifiki 100. Nyingine zote zinajulikana kama ajulikanavyo mpita njia kwa nyayo zake mchangani.

Njia ya kuzipiga picha ilifunguliwa na mtu ambaye hakuwa akizitafuta. Bernard Lyot, Mfaransa, alitaka kuiona korona, yaani taji ya nuru hafifu inayolizunguka jua, ambayo hadi zama zake ilionekana tu wakati wa kupatwa kwa jua. Yapata mwaka 1930, juu ya mlima wa Pic du Midi, alitengeneza darubini yenye kizuizi kidogo ndani yake kilicholifunika duara la jua, pamoja na vizuizi vingine vya kunasa nuru iliyopotoka pembeni. Ni kama mtu anayelikinga jua kwa kiganja ili amwone ndege angani. Chombo hicho kiliitwa koronagrafu. Lyot aliifia elimu yake katika bara la Afrika: mwezi wa Aprili 1952, alipokuwa akirejea kutoka Sudan alikokwenda kutazama kupatwa kwa jua, moyo wake ulisimama. Alikuwa na umri wa miaka 55.

Mwaka uliofuata, Mmarekani Horace Babcock alipendekeza dawa ya maradhi ya pili. Hewa ya dunia haitulii, na kutotulia huko ndiko kunakozifanya nyota kumetameta. Kinachowapendeza washairi huwaharibia wanafalaki picha zao. Babcock alifikiria kioo chenye kubadili umbo ili kuusahihisha mtikisiko wa hewa papo hapo. Wazo lake lilingoja miongo kadhaa hadi mitambo na kompyuta zilipoweza kulitekeleza. Leo vioo vya namna hiyo hujirekebisha mamia ya mara kwa sekunde moja.

Bado ilibidi kujua pa kutazama. Mwaka 1983 setilaiti iliyoitwa IRAS, iliyoitazama anga kwa miale ya infraredi, yaani miale ya joto isiyoonekana kwa macho, iligundua kwamba baadhi ya nyota, zikiwemo Fomalhaut na Beta Pictoris, zina joto la ziada litokalo katika vumbi linalozizunguka. Mwaka 1984 Bradford Smith na Richard Terrile, wakiwa na koronagrafu katika kituo cha Las Campanas nchini Chile, waliipiga picha sahani ya vumbi iliyoizunguka Beta Pictoris. Vumbi ndilo udongo ambao sayari hufinyangwa. Kwa hiyo ilikuwa busara kuzitafuta sayari changa kando ya nyota changa, kwani sayari kubwa huzaliwa ikiwa na moto mkali na huendelea kupoa kwa mamilioni ya miaka. Ikitazamwa kwa infraredi katika utoto wake, hutoa mwanga wake yenyewe, na tofauti kati yake na nyota yake hushuka kutoka mabilioni hadi maelfu au makumi ya maelfu.

Haraka, hata hivyo, ilikuwa na gharama yake. Mwaka 1998 ilitangazwa nchini Marekani kwamba darubini ya Hubble imepiga picha ya kitu kilichodhaniwa kuwa sayari, iliyotupwa nje na nyota pacha zilizo upande wa buruji ya Thauri. Nuru yake ilipochunguzwa baadaye, ilielekea kuwa ni nyota ya kawaida iliyo mbali nyuma, iliyotokea tu kukaa katika mstari mmoja na zile pacha. Visa vya namna hiyo vililitia nguvu sharti moja: picha moja haitoshi. Nyota zote husogea angani polepole, na kilicho mtoto wa nyota hakina budi kusogea pamoja nayo. Mwenye picha sharti angoje, miezi au miaka, kisha apige tena.

Kungoja huko kulizaa matunda katika mlima wa Paranal, Chile. Darubini nne kubwa za hapo zimepewa majina ya lugha ya Wamapuche, wenyeji wa nchi hiyo, na ya nne huitwa Yepun, ambalo ni jina la Zuhura inapoonekana jioni. Mwaka 2004 Gael Chauvin na wenzake waliielekeza Yepun kwenye gimba hafifu liitwalo 2M1207, wakaona kando yake nukta nyekundu. Hawakuapa. Walingoja hadi mwaka 2005, ikathibitika kuwa nukta hiyo husafiri pamoja na mwenyeji wake. Lakini mwenyeji huyo alikuwa mdogo mno kuitwa nyota kamili, na ubishi ukabaki: je, kinachozunguka kisichokuwa nyota kinastahili kuitwa sayari?

Jawabu la ubishi huo lingekuwa sayari ya nyota halisi. Novemba 2008 zilikuja habari tatu za namna hiyo, na hatima zake hazikufanana.

Ya kwanza ilitoka Hawaii, juu ya mlima wa Mauna Kea. Christian Marois na wenzake, kwa darubini za Keck na Gemini, walionyesha sayari tatu zikiizunguka nyota HR 8799, iliyo umbali wa takribani miaka 133 ya nuru. Mwaka 2010 waliongeza ya nne. Kila moja ina uzito wa Mshtarii mara kadhaa. Hila waliyoitumia ilikuwa nyepesi kuieleza. Darubini ikiifuata nyota kwa saa nyingi bila picha kuzungushwa, mabaka yanayotokana na vioo hubaki palepale, lakini sayari huzunguka taratibu kwa kadiri anga inavyogeuka. Kinachobaki palepale hufutwa, na kinachozunguka huachwa. La kustaajabisha lilifuata mwaka 2009, David Lafrenière na wenzake walipozichambua upya picha ambazo Hubble iliipiga nyota hiyo mwaka 1998. Mojawapo ya sayari zile ilikuwa imo. Ilikaa hifadhini miaka kumi, imepigwa picha na haijaonwa na mtu.

Habari ya pili ilimhusu Anne-Marie Lagrange wa Ufaransa. Yeye na wenzake walizichambua picha za Beta Pictoris zilizopigwa Paranal mwaka 2003, wakaona ndani ya sahani ya vumbi nukta iliyo karibu mno na nyota. Walipotazama tena mwanzoni mwa mwaka 2009, nukta haikuwepo. Mtu mwingine angekata tamaa, au angesema alidanganywa na macho. Lakini kama ilikuwa sayari kweli, ilipasa kutoweka, kwa kuwa ilikuwa ikipita karibu zaidi na mng'ao wa nyota, na ilipasa kurejea. Mwishoni mwa mwaka huo huo ilionekana tena, ikiwa upande wa pili wa nyota. Tangazo la mwaka 2010 halikuacha shaka. Kutoweka kwake kuligeuka kuwa sehemu ya ushahidi.

Ya tatu ndiyo ya Kinywa cha Samaki. Paul Kalas wa Chuo Kikuu cha California, Berkeley, na wenzake, waliitazama Fomalhaut kwa koronagrafu ya Hubble, wakaona nukta karibu na ukingo wa ndani wa pete yake ya vumbi. Hawakukimbilia kutangaza. Walikuwa na picha ya mwaka 2004 na nyingine ya mwaka 2006, na nukta ilikuwa imesogea kama inavyotarajiwa kwa kilicho mtoto wa nyota ile. Mashahidi wawili walikubaliana. Hata hivyo, jambo moja liliwasumbua wengi: sayari kubwa na changa hutoa joto, nayo nukta hii, iliyoonekana kwa nuru ya kawaida, haikuonekana kwa infraredi. Mwaka 2015, kwa kura ya umma iliyosimamiwa na Umoja wa Kimataifa wa Wanafalaki, ilipewa jina la Dagon. Lakini picha ambayo Hubble ilikwisha kuipiga mwaka 2014 haikuwa na nukta yoyote. Mwaka 2020 András Gáspár na George Rieke wa Chuo Kikuu cha Arizona walieleza kwamba nukta ilikuwa ikififia na kutanuka mwaka hata mwaka, jambo ambalo sayari haifanyi. Yaelekea magimba mawili ya barafu na mawe, kila moja lenye upana wa kilomita 200 hivi, yaligongana, na vumbi lake ndilo lililoonekana likitawanyika.

Kwa hiyo sayari ya HR 8799 ilikuwepo isionwe, ya Beta Pictoris ikaonwa, ikatoweka, kisha ikarudi, na ile ya Fomalhaut ikaonwa, ikapewa jina, nayo haikuwepo. Picha zote zilikuwa za kweli. Hakuna aliyesema uongo, na nukta ya Fomalhaut haikuwa ndoto ya darubini. Mwendo wake ulipimwa kwa uangalifu. Kilichokosewa ni maana yake. Hapo ndipo historia hii inapomgusa hata asiyejali habari za nyota: shahidi mwaminifu anaweza kuona sawasawa na akafasiri vingine, wala hakuna cha kumsaidia ila muda na jicho la pili linalotazama kwa namna nyingine.

La kutia moyo ni kwamba wahusika hawakuiacha kazi. Mwaka 2023 Hubble iliona nukta nyingine mpya kando ya Fomalhaut, na Desemba 2025 Kalas yule yule, pamoja na wenzake, aliandika kuwa ni vumbi la mgongano wa pili. Aliyetafuta sayari akapata kitu ambacho hakuna aliyewahi kukishuhudia mbali hivyo: magimba yakivunjana katika nyumba ya nyota nyingine, kama yalivyovunjana hapa kwetu dunia ilipokuwa changa. Naye Lagrange, mwaka huo huo wa 2025, aliongoza kundi lililotangaza kwamba darubini ya James Webb, iliyorushwa Desemba 2021, imeona kando ya nyota TWA 7 kile kinachoelekea kuwa sayari yenye uzito kama wa Zohali, nyepesi kuliko zote zilizowahi kugunduliwa kwa picha.

Sayari ndogo mfano wa dunia, kando ya jua mfano wa letu, bado haijapigwa picha. Usilolijua ni usiku wa kiza. Siku nukta yake itakapotokea, watakaoiona wataulizwa maswali yale yale ya kale: iko wapi, imesogea, imerudi, nani mwingine ameiona? Na Fam al-Hut itaendelea kuchomoza juu ya bahari kila vuli, nyeupe na peke yake kwa jicho la mtu, ikiwa imezungukwa na pete za vumbi ambazo mtazamaji wa ufukweni hazioni.