Kura ya Turufu

Kila mara mojawapo ya dola kubwa inapolizuia Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa lisipitishe azimio, magazeti na redio zetu huarifu kwamba dola hiyo imepiga kura ya turufu, na msikilizaji wa Tanga au wa Lamu aliyezoea kuona watu wakicheza karata barazani hufahamu papo hapo kwamba ametokea mwenye nguvu kuliko wenziwe. Neno lenyewe asili yake ni Kireno, nalo limo katika jamii moja na kopa, shupaza, uru na pao, majina ya karata yaliyobaki vinywani mwa watu wa pwani hata baada ya Wareno kuipoteza Ngome ya Mombasa mwaka 1698. Wazungu hutumia neno la Kilatini, veto, yaani “nakataza”, ambalo hunasibishwa na mamlaka ya matribuni wa Roma ya kale, waliochaguliwa na makabwela ili wazizuie amri za wakuu zilizowadhulumu wanyonge. Hivyo istilahi iliyokuwa kinga ya mnyonge imekuwa milki ya mwenye nguvu, na Kiswahili, kwa kukimbilia karata, angalau hakikulificha jambo hilo.

Atakayeitafuta istilahi hiyo katika Mkataba wa Umoja wa Mataifa, uliotiwa saini San Francisco tarehe 26 Juni 1945, hataipata. Ibara ya 27 yasema tu kwamba maamuzi ya Baraza yasiyokuwa ya utaratibu wa kikao yatahitaji kura 9 za kuafiki kati ya 15 (zilikuwa 7 kati ya 11 hadi Baraza lilipopanuliwa mwaka 1965), na kwamba ndani ya hizo sharti ziwemo kura za wajumbe wa kudumu, ambao ni Marekani, Uingereza, Ufaransa, Urusi na China. Hakuna, basi, kura ya namna ya pekee iitwayo turufu. Mjumbe wa kudumu huinua mkono wa kukataa kama auinuavyo mjumbe mwingine yeyote, ila wake yeye watosha kulizima azimio lililoafikiwa na wengine wote 14. Mwenye kushikilia lafudhi tupu ya ibara hiyo angeweza kudai kwamba hata kujizuia kupiga kura ni kukataza, madhali aliyejizuia hakuafiki. Lakini desturi ya Baraza ilikata shauri tangu miaka ya mwanzo kwamba sivyo, na Mahakama ya Kimataifa ya Haki ikaithibitisha desturi hiyo mwaka 1971 katika rai yake juu ya Namibia.

Aghalabu husemwa kwamba haki hii ni bidaa iliyobuniwa Yalta mwezi wa Februari 1945, Roosevelt, Churchill na Stalin walipokubaliana juu ya namna ya kupiga kura. Yatupasa kukumbuka kwamba katika Ushirika wa Mataifa uliotangulia, maamuzi kwa kawaida yalihitaji ridhaa ya wajumbe wote waliohudhuria, ikawa kila dola, kubwa kwa ndogo, yaweza kuzuia. Kilichofanyika mwaka 1945 ni kuwanyang’anya wengi haki hiyo na kuwaachia watano, kwa hoja kwamba Baraza likiamuru vita dhidi ya mmoja wa hao, litakuwa limeiwasha ile vita kuu ambayo liliundwa kuiepusha. Hoja hiyo, kwa maoni yangu, ina uzito katika mambo ya vita. Katika uteuzi wa watumishi na uanachama wa mataifa haina uzito wowote, na huko nako imetumika sana.

Na hapa ndipo turufu yetu inapoanza kutupotosha, kwa kuwa mchezoni turufu hushinda na kuzoa, ilhali barazani aliyekataza hapati kitu ila kuyaacha mambo yalivyokuwa. Mwezi wa Oktoba 1974, Kenya, Kameruni, Iraki na Mauritania zilipendekeza Afrika Kusini ya ubaguzi itolewe katika Umoja wa Mataifa. Kura 10 ziliafiki, nchi 2 zikajizuia, na Marekani, Uingereza na Ufaransa zikakataa kwa pamoja. Azimio likafa, lakini wiki mbili hazijatimia, Baraza Kuu chini ya urais wa Abdelaziz Bouteflika wa Aljeria liliukatalia ujumbe wa Afrika Kusini kushiriki katika kikao chake, na nchi hiyo ikabaki mwanachama asiye na sauti humo.

Mfano ulio wazi zaidi ni wa mwaka 1981, na sisi huku tuna sababu ya kuukumbuka. Salim Ahmed Salim, mzaliwa wa Pemba na Waziri wa Mambo ya Nje wa Tanzania, aliwania Ukatibu Mkuu dhidi ya Kurt Waldheim, aliyetaka muhula wa tatu. China ilimkataa Waldheim duru baada ya duru, Marekani nayo ikamkataa Salim, ambaye mwaka 1971 alikuwa mstari wa mbele kuitetea Peking ipewe kiti chake. Mcheza karata angeuliza ni turufu ipi iliyo kubwa. Barazani swali hilo halina jawabu, kwani makatazo mawili hayashindani, bali kila moja huziba njia yake. Mkwamo ulidumu hadi Disemba, Olara Otunnu wa Uganda, aliyekuwa rais wa Baraza mwezi huo, alipowaomba wote wawili wakae kando, na cheo kikamwangukia Javier Pérez de Cuéllar wa Peru.

Wapo wanaopendekeza tuseme “pingamizi”, lakini pingamizi hupelekwa mbele ya hakimu, naye aweza kulitupa. La dola hizi halina hakimu. “Kura ya kukataza” ni tafsiri sahihi zaidi, nami ningeipendelea katika vitabu vya sheria, turufu ibaki magazetini ilikokwisha kuzoeleka, mradi mwandishi asiandike kwamba dola fulani “imeshinda” kwa turufu, wala asiliite turufu kila “la” la mkubwa. Tarehe 31 Januari 2022 Urusi ilitaka kikao juu ya Ukraini kisifanyike, ikapiga kura ya kukataa pamoja na China, huku Kenya, Gabon na India zikijizuia. Kwa kuwa lilikuwa jambo la utaratibu tu, kura 10 zilitosha, na kikao kikaendelea, mjumbe wa Urusi akiwa kitini pake akisubiri zamu yake ya kusema.