Hazel Scott: Robo saa iliyotupwa majini

Julai 3, 2025 ilitimia miaka 75 tangu mwanamke mweusi, kwa mara ya kwanza, awe na kipindi chake mwenyewe katika shirika la televisheni lililorusha matangazo katika miji mingi ya Marekani. Jina lake Hazel Scott, mpiga piano wa jazi. Waulize wapenzi wa jazi hapa kwetu: Louis Armstrong watakutajia, Nat King Cole watakuimbia. Ukifika kwa Hazel Scott, watakuuliza, ndiye nani huyo?

Karen Chilton, aliyeandika wasifu wake mwaka 2008, anatuonyesha zaidi ya binti mrembo mwenye vidole vyepesi. Huyu alikuwa mbishi hasa, na ubishi wake uligharimu.

Alizaliwa Port of Spain, Trinidad, mwaka 1920, na utotoni mama yake, mwanamuziki Alma, akahamia naye New York. Alipofika miaka minane alipelekwa shule ya muziki ya Juilliard, iliyokuwa ikipokea wanafunzi wa kuanzia miaka 16. Akapiga kipande cha Rachmaninoff. Vidole havikufika kwenye nota za mbali, naye akazibadilisha kwa za karibu, muziki ukaenda. Profesa mmoja akakubali kumfundisha.

Mwaka 1939 alikuwa tayari anapiga Café Society, klabu ya Greenwich Village ambako weusi na weupe walichanganyika ukumbini, jambo adimu hata New York. Huko alipata sifa kwa mtindo wake mmoja: alianza Bach au Chopin kwa heshima zote, kama ilivyoandikwa, kisha mkono wa kushoto ukaanza uchokozi, na muda si muda ukumbi mzima ulikuwa unagonga miguu.

Hollywood ikamwita. Akaenda na masharti: hachezi kijakazi. Ndipo ukatokea ugomvi wa aproni.

Ilikuwa 1943, kampuni ya Columbia ikitengeneza filamu ya The Heat's On. Katika onyesho moja, wanawake weusi walitakiwa kucheza huku wakiwaaga wapenzi wao wanaokwenda vitani. Waliopanga mavazi wakawaletea aproni, tena zilizopakwa uchafu makusudi. Hazel akauliza: mwanamke gani anamsindikiza mpenzi wake vitani na aproni chafu kiunoni? Mwenyewe hakuvishwa aproni. Vazi lake lilikuwa safi. Angeweza kunyamaza, apige piano, achukue chake. Badala yake akagoma. Siku ya kwanza ikapita, ya pili, ya tatu. Filamu haiendi, na fedha inateketea kila saa. Mwishoni wakubwa wakasalimu amri: aproni zikavuliwa, wanawake wakatoka na magauni ya maua. Lakini Harry Cohn, bosi wa Columbia, akaapa kwamba mwanamke huyu hatakanyaga tena studio ya filamu yeye akiwa hai. Baada ya filamu chache zilizofuata, Hollywood ikamfungia mlango.

Mwaka 1945 akaolewa na Adam Clayton Powell, mbunge wa Harlem. Akaendelea kuzunguka na maonyesho, akikataa kupiga mahali ambapo weusi walitengwa na weupe.

Kisha ikaja televisheni, ikiwa bado changa. DuMont lilikuwa shirika dogo mbele ya NBC na CBS, na pengine udogo huo ndio uliolipa ujasiri. The Hazel Scott Show kilikuwa cha dakika 15, na hakikuchukua muda kikawa kinaonyeshwa Jumatatu, Jumatano na Ijumaa. Kamera ilipita kwanza juu ya majengo ya jiji usiku, ikaingia sebule ya kifahari, ikamkuta Hazel kwenye piano. Hakuwa na trei mkononi wala kitambaa cha vumbi. Alikuwa mwenye nyumba, na watazamaji ndio wageni.

Ugeni huo haukudumu. Juni 1950 kilikuwa kimetoka kijitabu cha Red Channels, kilichotaja watu 151 wa redio, televisheni na sanaa kuwa na uhusiano na ukomunisti. Hazel alikuwemo. Wengine walinyamaza wakisubiri upepo upite. Yeye akaomba mwenyewe kwenda mbele ya kamati ya Bunge iliyokuwa ikiwasaka wakomunisti, ingawa alishauriwa asiende. Septemba 22 akakana kuwa mkomunisti, akaishutumu orodha yenyewe. Septemba 29 kipindi kikafutwa. Siku saba tu!

Yaliyofuata ni ya kawaida kwa wasanii wa aina yake: mwaka 1955 santuri nzuri pamoja na Charles Mingus na Max Roach, miaka kadhaa Paris, kurudi Marekani 1967, kifo Oktoba 2, 1981. Mwaka 2019, katika tuzo za Grammy, Alicia Keys alipiga piano mbili kwa pamoja na kumtaja, dunia ikashtuka kidogo.

Aibu kubwa ni hii: hakuna hata kipindi kimoja chake cha DuMont kinachojulikana kubaki. Shirika lilikufa 1956. Mwigizaji Edie Adams alieleza mwaka 1996, mbele ya jopo la Maktaba ya Bunge ya Marekani, kwamba hazina ya filamu ya DuMont ilipakiwa kwenye malori na kumwagwa katika ghuba ya New York. Sisi tunaoacha kanda za redio zetu ziote ukungu tusiwacheke.

Anayetaka kumwona Hazel Scott leo atafute The Heat's On, filamu ya yule yule Cohn aliyeapa kumfuta. Yumo, kakaa kati ya piano mbili, nyeusi na nyeupe, anazipiga zote kwa mpigo. Na wale wanawake wamo pia, na magauni yao ya maua.