Dakika 13: Seremala na Nguzo

Hapa München palikuwa na ukumbi wa bia wa Bürgerbräukeller, ambamo Adolf Hitler alizoea kuhutubia makada wake kila Novemba 8. Mwaka 1939 seremala Georg Elser alijificha humo kwa zaidi ya usiku 30. Milango ikishafungwa, alipiga magoti na kuchimba nguzo iliyokuwa nyuma ya jukwaa, kisha tundu akalifunika kwa kijimlango kisichoonekana. Ndani yake alitega bomu la kumuua Hitler, lenye saa mbili za kulilipua, moja ikigoma nyingine iendelee. Fundi hasa.

Usiku ule ukungu ulitishia safari ya ndege, Hitler akafupisha hotuba ili awahi treni. Aliondoka saa 3:07. Nguzo ililipuka saa 3:20. Walikufa watu 8.

Wengine nao walijaribu baadaye. Machi 1943 maafisa wa jeshi walipenyeza kwenye ndege ya Hitler bomu lililofichwa kama chupa za pombe, halikulipuka. Julai 20, 1944 bomu ndani ya mkoba wa afisa Stauffenberg lililipuka, Hitler akajeruhiwa tu.

Elser naye, usiku ule wa 1939, alikwishakamatwa mpakani Konstanz kabla bomu lake halijalipuka. Wanazi hawakusadiki kwamba hakutumwa na mtu. Walimuua katika kambi ya mateso ya Dachau Aprili 9, 1945.