Mfahamu J.C. Daniel, aliyeuza ardhi yake atengeneze filamu ya kwanza ya Kerala

Filamu za Kimalayalam kutoka jimbo la Kerala, kusini mwa India, zina mashabiki kibao siku hizi. Ila ukiuliza nani alizianzisha, wengi hawana jibu. Ni J.C. Daniel, jamaa aliyetoa filamu iliyomfilisi.

Alianzaje?

Daniel alizaliwa mwaka 1900 katika familia yenye uwezo. Alipenda sana kalaripayattu, sanaa ya mapigano ya Kerala, na akaona sinema ndiyo njia ya kuitangaza. Alikwenda Madras na Bombay kujifunza kazi, kisha akauza ardhi yake, akanunua vifaa na kufungua studio Trivandrum. Kampuni aliiita The Travancore National Pictures.

Filamu yenyewe

Iliitwa Vigathakumaran, yaani "mtoto aliyepotea". Ilikuwa filamu bubu. Wakati watayarishaji wengi India walikuwa bado wanaigiza hadithi za miungu, yeye alichagua kisa cha kijamii: mtoto wa tajiri anayetekwa na kupelekwa Ceylon, Sri Lanka ya leo. Daniel aliandika, akaongoza, akapiga picha na bado akacheza kama mhusika mkuu.

Vurugu ukumbini

Tatizo lilikuwa mwigizaji wa kike. P.K. Rosy alitoka jamii ya Dalit, iliyotengwa na kudharauliwa, lakini kwenye filamu alicheza kama mwanamke wa tabaka la juu la Nair. Filamu ilipooneshwa ukumbi wa Capitol, Trivandrum, watazamaji wa tabaka la juu walikuja juu na kurusha mawe kwenye skrini. Nyumba ya Rosy ikachomwa moto. Akakimbilia Tamil Nadu na hakuigiza tena.

Daniel naye hakurudisha pesa zake. Alifunga studio, akauza vifaa, akaishia kuwa daktari wa meno. Alifariki mwaka 1975 akiwa hana kitu, wala serikali ya Kerala haikuwa imemtambua.

Heshima ilikuja baadaye

Mwandishi wa habari Chelangatt Gopalakrishnan ndiye aliyepigania jina lake kwa miaka mingi. Mwaka 1992 serikali ya Kerala ilianzisha Tuzo ya J.C. Daniel, ambayo hutolewa kwa wakongwe waliotoa mchango mkubwa kwenye sinema ya Kimalayalam. Mwaka 2013 ikatoka filamu ya maisha yake, Celluloid, staa Prithviraj akicheza kama Daniel.

Rosy alisubiri zaidi. Februari 10, 2023, Google iliweka mchoro wake kwenye ukurasa wa mbele kumkumbuka.

Vigathakumaran yenyewe huwezi kuitazama leo. Filamu hiyo ilishapotea.