Mkaa wa Kilosa: Nani anashika hela ya msitu, na nani anamkagua?

Ukipita barabara ya Kilosa kwenda Mikumi, mkoani Morogoro, unakutana na Ulaya. Siyo ile ya ng'ambo, hii ni kata yenye vijiji kama Ulaya Kibaoni na Ulaya Mbuyuni. Vijiji hivi, pamoja na vingine kama Ihombwe upande wa Mikumi, vina misitu yao wenyewe na vinauza mkaa kwa vibali vyao.

Mpango huo ulianza 2012 kwa fedha za Uswisi. Uliendeshwa na Shirika la Kuhifadhi Misitu ya Asili Tanzania (TFCG), mtandao wa vijiji wa MJUMITA na shirika la nishati la TaTEDO. Msitu hugawanywa vitalu vya mita 50 kwa 50. Kinachokatwa mwaka huu kinaachwa kichipue, na zamu yake hurudi baada ya miaka 24. Vyanzo vya maji haviguswi.

Hiyo ni kazi ya miti. Kazi ngumu zaidi ni ya watu.

Sheria ya Misitu ya 2002 inaruhusu kijiji kumiliki msitu wake na kuusimamia kupitia Kamati ya Maliasili. Kamati hiyo inapanga vitalu, inatoa vibali, inapokea malipo na inafanya doria. Yaani watu walewale wanauza na walewale wanalinda. Hapo ndipo mambo huharibika, maana gunia moja lisiloandikwa kwenye stakabadhi halionekani kirahisi.

Kwa hiyo, anayetaka kujua kamati inafanyaje kazi asianze na katiba yake iliyoko kabatini. Afuate gunia moja: nani alionyesha kitalu, nani aliandika kibali, hela ililipwa kwa nani, na ilisomwa lini mbele ya wananchi. Mahali majibu yanapokatika ndipo pa kurekebisha.

Kamati inawajibika kwa Halmashauri ya Kijiji, yenye wajumbe 15 hadi 25. Juu yao kuna Mkutano Mkuu wa Kijiji, yaani kila mkazi aliyetimiza miaka 18, ambao hutakiwa kukaa kila miezi mitatu. Mapato ya mkaa husomwa hapo. Sehemu inarudi kwenye ulinzi wa msitu, nyingine inaenda kwenye maendeleo kama madarasa, zahanati na visima.

Tatizo la kila siku ni mahudhurio. Nani ataacha shamba lake akasikilize hesabu? Kilosa ilishapata jibu moja kabla ya mkaa. Katika mradi wa hewa ukaa wa TFCG na MJUMITA (2009 hadi 2014), uliofadhiliwa na Norway, malipo ya majaribio yaligawiwa kwa mwanakijiji mmoja mmoja, watoto wakihesabiwa, na mkutano wenyewe ukaamua kiasi cha kutenga kwa shughuli za kijiji. Mtu akijua fungu lake limo kwenye hesabu, anakuja, na anauliza.

Elinor Ostrom, Mmarekani aliyepata Nobel ya uchumi 2009, alichunguza jamii zinazotumia misitu, maji na malisho kwa pamoja. Aliona kwamba zinazodumu zina wanaotumia mali wakishiriki kutunga kanuni, walinzi wanaowajibika kwao, na adhabu inayoanza ndogo na kupanda kwa anayerudia kosa. Sheria ndogo za kijiji zinaweza kubeba yote hayo, mradi mtoto wa mwenyekiti naye atozwe faini.

Lakini kijiji hakiko peke yake. Kanuni za Serikali za 2019 kuhusu uvunaji ziliongeza ngazi za idhini juu ya kijiji. Kwa kamati inayolipia doria kwa hela ya mkaa, kibali kikikwama wilayani, doria nayo inakwama.