Wezi Wenye Sheria Yao

Januari 2023 nilikuwa zamu kwenye chumba cha habari, Dar es Salaam, ilipoingia taarifa ambayo wengi wetu tuliisoma mara mbili. Serikali ilithibitisha kwamba kijana Mtanzania aliyekwenda Urusi kusoma, kisha akaishia gerezani huko, aliahidiwa msamaha akikubali kupigana na kikundi cha Wagner kwenye vita vya Ukraine. Alifia vitani.

Tuliandika habari ya maneno mia tatu hivi, tukasema kijana "alijiunga" na Wagner, tukafunga kompyuta tukaenda nyumbani. Ila swali moja likanifuata hadi kitandani. Dola gani inafungua milango ya gereza na kuwakabidhi wafungwa bunduki? Nilidhani ni uzushi wa mtu mmoja, Yevgeny Prigozhin, yule bwana aliyeonekana kwenye video Septemba 2022 akiwa uwanjani gerezani, akiwaahidi wafungwa uhuru baada ya miezi sita vitani. Kumbe hakuzusha kitu. Kisa hiki kina karibu miaka mia, na ndani yake wamo watu ambao, nikiri mapema, niliwahi kuwahusudu.

Mimi ni mtoto wa vibanda vya video. Kwa shilingi chache tulitazama majambazi wa Kitaliano, wa Hong Kong, na baadaye wa Kirusi waliojaa michoro mwili mzima. Tuliwapenda wale wa Kirusi kwa sababu walikuwa na miiko. Mwizi wa kawaida unamzomea, lakini mwizi mwenye miiko unamsikiliza. Ukubwani, nilipoanza kusoma vitabu badala ya kusubiri mkanda ubadilishwe, niligundua kuwa miiko ile ilikuwepo kweli.

Kwa Kirusi wanaitwa vory v zakone. Ukitafsiri neno kwa neno ni wezi walio ndani ya sheria. Usichanganyikiwe hapo: sheria yenyewe si ya nchi, ni ya kwao. Ilikomaa miaka ya 1920 na 1930 katika magereza na kambi za kazi za Kisovieti, zile zilizokuja kuitwa Gulag. Mwizi wa daraja hilo hakutakiwa kufanya kazi ya halali hata siku moja. Hakutakiwa kuoa wala kuvaa sare ya jeshi, na kwa askari magereza hakutakiwa hata kuwa nyapara. Mapato yalichangiwa kwenye mfuko wa pamoja, tuseme kikoba cha wezi, wa kuwatunza walio ndani. Magomvi yaliamuliwa kwenye vikao, na cheo kilitolewa kwenye vikao hivyohivyo.

Wasifu wa mtu ulichorwa kwenye ngozi yake. Danzig Baldaev, askari magereza wa Leningrad, alinakili michoro zaidi ya 3,000 kwa mkono wake. Nyota magotini: huyu hapigi magoti mbele ya mtu. Kanisa kifuani: hesabu kuba zake, utajua amefungwa mara ngapi. Na ole wako ujichore cheo usichonacho.

Inavutia, eh? Hata mimi ilinivutia. Mpaka nikakutana na Varlam Shalamov.

Shalamov alizaliwa Vologda mwaka 1907. Alikamatwa mara ya pili mwaka 1937, kwa makosa ya kisiasa, akapelekwa Kolyma, kaskazini-mashariki kabisa ya Urusi, kwenye migodi ya dhahabu ambako baridi iliua watu kama nzi. Huko aliishi bweni moja na hao wezi wenye miiko. Wakubwa wa kambi waliwaona wahalifu wa kawaida kuwa watu wa karibu na jamii ya kijamaa, wanaoweza kurekebishika. Maadui wa taifa walikuwa wengine: mwalimu, mhandisi, mshairi. Matokeo yake mwizi akawa bwana wa bweni, na mwalimu akavuliwa koti.

Ana hadithi moja fupi, kurasa chache tu. Wezi wawili wanacheza karata usiku. Mmoja anafilisika, hana cha kuweka tena. Anamgeukia mfungwa wa kisiasa aliyeitwa kuwakatia kuni na kumtaka avue sweta lake, ambalo alitumiwa na mkewe. Anakataa. Anachomwa kisu palepale, sweta linavuliwa, na mchezo unaisha. Msimulizi hapigi kelele. Anawaza tu kwamba kesho itabidi atafute mwenzake mwingine wa kukata naye kuni.

Nilipomaliza hadithi hiyo niliweka kitabu chini. Ile heshima ya mwizi kumbe ilikuwa kwa mwizi mwenzake tu. Sisi wengine tulikuwa mali.

Shalamov hakuishia kwenye hadithi. Aliandika pia mfululizo wa insha kuhusu ulimwengu wa wahalifu, na humo anawashitaki waandishi wenzake kwa kumpamba mwizi. Isaac Babel hakusalimika. Mhusika wake Benya Krik, mfalme wa majambazi wa Odessa, ni mcheshi na mkarimu, msomaji humpenda kabla hajajiuliza kwa nini. Wengi wanaamini Babel alimtoa kwa jambazi wa kweli, Mishka Yaponchik, yaani Mishka Kijapani. Mwisho wa Mishka huyo haukuwa wa kuchekesha. Mwaka 1919 aliunda kikosi cha wahuni wake kupigania Jeshi Jekundu. Mwaka huohuo Wabolsheviki wakampiga risasi.

Kumbuka kisa hicho: mwizi alishika bunduki ya dola, na dola ikammaliza.

Kilijirudia kwa ukubwa wa kutisha. Hitler alipoivamia nchi mwaka 1941, Stalin alikosa askari. Mamia ya maelfu ya wafungwa walitolewa kambini kupelekwa mstari wa mbele, na baadhi ya wezi wakavunja mwiko, wakavaa sare. Vita vikaisha 1945. Wengi walirudia kazi waliyoijua, wakakamatwa, wakarudishwa kambini. Wenzao waliokuwa wamebaki ndani wakawatazama na kuwaita suki, mbwa majike. Umeshika bunduki ya serikali? Wewe si mwizi tena.

Yakazuka mauaji yaliyodumu miaka kadhaa, hadi karibu na kifo cha Stalin mwaka 1953. Shalamov anaeleza jinsi mwizi wa zamani alivyolazimishwa kubusu kisu kama ishara ya kuingia sheria mpya inayoruhusu kushirikiana na wakubwa. Asiyebusu alipigwa, na wengi waliuawa. Wasimamizi wa kambi waliwapa nguvu suki, kisha wakaacha pande mbili zimalizane. Fahali wawili walipigana, na safari hii mwenye zizi ndiye aliyewachonganisha.

Wataalamu kama Mark Galeotti wanaona hapo ndipo mafia wa Kirusi tunaowajua leo walipozaliwa. Mwizi aliyetoka kambini miaka ya 1950 alikuwa amejifunza kuwa unaweza kula na serikali. Chini ya Brezhnev aliwauzia ulinzi wafanyabiashara wa magendo na kugawana na viongozi wa chama. Mwaka 1988 sheria ya Gorbachev iliruhusu vyama vya ushirika, ambavyo kwa kweli vilikuwa biashara binafsi. Maduka yakafunguliwa, lakini mahakama ya kumdai asiyelipa haikuwepo, na polisi walikuwa na njaa zao. Hapo likaja neno krysha, yaani paa. Kila biashara ilihitaji paa. Wanamieleka, askari waliotoka Afghanistan, wezi wa zamani, wote waliuza paa. Ulimlipa mmoja kila mwezi ili wengine wasikuguse. Zimwi likujualo halikuli likakwisha. Baadaye polisi na watu wa usalama nao wakagundua kuwa paa lao ni imara kuliko la jambazi.

Mipaka ilipofunguka, nao wakasambaa. Brighton Beach, kitongoji cha Brooklyn kilichopokea wahamiaji Wayahudi kutoka Muungano wa Kisovieti tangu miaka ya 1970, kilikuwa tayari na magenge yaliyokwepa kodi ya petroli wakishirikiana na mafia wa Kitaliano. Mwaka 1992 akatua Marekani Vyacheslav Ivankov, mwizi wa cheo cha juu. Jina lake la mtaani? Yaponchik, lilelile la yule wa Odessa. FBI walimkamata 1995, akapatikana na hatia ya kuwatoza watu fedha kwa vitisho, akarudishwa Urusi 2004. Julai 2009 alipigwa risasi Moscow, akafa Oktoba. Mwenzake, Aslan Usoyan, Mkurdi aliyezaliwa Georgia na kuitwa Babu Hassan, aliuawa na mdunguaji jijini humo Januari 2013. Ona pia jinsi neno "Kirusi" linavyodanganya: wengi wa hawa wakubwa ni Wageorgia, Waarmenia, Wakurdi. Gereza la Kisovieti halikuuliza kabila.

Georgia yenyewe ndiyo iliyopata dawa ya ajabu. Mwaka 2005 ilitunga sheria inayofanya cheo chenyewe kuwa kosa. Hakimu anakuuliza: wewe ni mwizi ndani ya sheria? Miiko inakukataza kukana cheo chako. Ukikubali, unafungwa. Ukikana, umejivua mwenyewe. Wengi walikimbilia Urusi na Ulaya. Urusi nayo ikaiga mwaka 2019, ikafanya kuongoza ulimwengu wa wahalifu kuwa jinai peke yake.

Miaka mitatu tu baadaye, dola ileile ikamwachia Prigozhin aingie magerezani. Na Prigozhin alikuwa mfungwa wa zamani, alikaa ndani karibu muongo mzima wa 1980. Alijua lugha ya mle. Alijua pia kuwa miiko ya zamani ilikuwa imechakaa, na kwamba wengi waliopanga foleni hawakuwa na cheo cho chote: walevi, vijana wa dawa za kulevya, wageni wasio na wa kuwatetea. Mwenyewe alikufa kwenye ajali ya ndege Agosti 2023, miezi miwili baada ya kuwaasi waliomtuma. Mishka Yaponchik angemwelewa.

Zamani nilidhani historia ya wezi hawa ni historia ya waasi. Sasa naisoma kama historia ya mabwana wawili, mwizi na mlinzi wake, wanaogombana na kupatana juu ya kichwa cha mtu wa tatu. Huyo wa tatu ndiye mwenye sweta. Sinema za kibandani hazikuwahi kumpa jina. Shalamov alimpa.

Ile habari yetu ya Januari bado iko mtandaoni. Niliifungua tena wiki iliyopita. Tarehe ziko sawa, na hakuna aliyetuandikia kulalamika. Ila lile neno "alijiunga" sasa linanikera. Mtu aliye gerezani ugenini, aliyewekewa mbele miaka ya kifungo au miezi sita ya vita, amebusu kisu. Ningekuwa zamu tena leo, ningeandika "alichukuliwa", kisha nigombane na mhariri.